Nilijenga madaraja, sasa napanga maboksi: nikubali cheo cha ghalani?

BARUA

Shikamoo dada,

Nakuandikia saa moja asubuhi. Nimetoka zamu ya usiku sasa hivi, watoto ndio kwanza wanaamka, na mimi nikishika kitanda ni mpaka saa tisa alasiri. Nina miaka 38. Ni mhandisi wa ujenzi, upande wa barabara na madaraja, na kazi hiyo niliifanya miaka 11 kabla ya kuhamia Toronto na mke wangu na watoto wetu wawili. Tuna miaka miwili na miezi minne hapa.

Tuliingia Kanada kwa mfumo wa alama. Nilipewa alama za umri, za Kiingereza, za shahada na za miaka yangu ya kazi. Shahada yenyewe ilipelekwa kupimwa, ikarudi na karatasi inayosema inalingana na ya Kanada. Siku ile nilimbeba mke wangu juu juu pale sebuleni. Niliona kazi nimeshaipata, imebaki kufika tu.

Nimetuma maombi 212. Idadi naijua kwa sababu nina daftari. Kila ombi nimeandika tarehe, kampuni na nafasi. Nimepigiwa simu tano, nikaitwa kwenye usaili mara tatu. Kwenye usaili wa mwisho bwana mmoja mpole alisoma wasifu wangu wa kazi ukurasa kwa ukurasa, akaniuliza maswali ya maana kuhusu daraja nililolisimamia, nikaona mambo yamenyooka. Kisha akasema, "Na hapa Kanada umefanya kazi wapi?" Nikamwambia ghalani. Akafunga faili taratibu, akanishukuru kwa kuja. Hakunitukana, dada. Lakini serikali ilinipa alama kwa miaka ile ile 11 ambayo yeye aliiona si kitu, na mpaka leo sielewi nani kati yao alinidanganya.

Kazi ya sasa niliipata kupitia wakala. Ili nichukuliwe ilibidi niifute shahada kwenye wasifu, maana niliambiwa wakiiona watajua sitakaa. Nikaandika nimeishia sekondari. Kazi yenyewe ni hivi: boksi linashuka kwenye mkanda, nalisoma kwa skana, nalipanga kwenye paleti, paleti ikifika kimo cha kifua naizungushia plastiki, naanza nyingine. Dola 19.50 kwa saa.

Wiki iliyopita meneja aliniita pembeni. Anataka niwe kiongozi wa zamu, niongoze watu 14. Nitaongezwa dola 2.25 kwa saa na nitaajiriwa na kampuni yenyewe, niachane na wakala. Zamu ni ile ile ya usiku, na simu ya kazi nitakuwa nayo hata siku za mapumziko. Amenipa siku kumi nimjibu.

Mke wangu anasema nikubali. Yeye alikuwa mwalimu wa kemia, tulikutana chuoni; sasa anahudumia wazee kwenye makao yao. Anasema mwenye nyumba haulizi kodi imetoka kwenye daraja au kwenye maboksi. Rafiki yangu mmoja anasema nikope nisome shahada ya uzamili miaka miwili, niwe na cheti cha hapa. Mwingine anasema tatizo ni jina, nijiite jina la Kizungu kwenye wasifu. Na kuna bwana anayetaka dola 1,500 anitafutie kazi ya ofisini "ya uhakika".

Jambo la mwisho naona aibu hata kuliandika. Mama yangu kila akipiga simu huniuliza najenga daraja gani sasa. Mwezi uliopita nilimtumia picha ya daraja nililolipita nikiwa ndani ya basi. Amewaonyesha watu wote.

Nikubali cheo, nisome, nibadili jina, au nirudi nyumbani?

Mhandisi wa Ghalani, Toronto

JIBU

Marahaba mdogo wangu.

Nikujibu kwanza lile unalosema hulielewi, nani alikudanganya, kwa sababu naona ndilo linalokukosesha usingizi kuliko hata hiyo zamu.

Aliyekupa alama na aliyefunga faili ni watu wawili wasiozungumza. Kanada inachagua wahamiaji kwa alama tangu 1967, na mfumo uliokuingiza wewe unaendeshwa na serikali ya shirikisho. Leseni za taaluma, iwe uhandisi, udaktari, uuguzi au ualimu, ziko chini ya majimbo, na majimbo yamezikabidhi kwa vyombo vya taaluma vyenyewe. Kazi nayo iko mkononi mwa mwajiri, ambaye hafungwi na alama za mtu yeyote. Ile karatasi ya kulinganisha shahada ilikuwa ya uhamiaji. Ilimaliza kazi yake siku mlipopata ukazi wa kudumu. Haikuwa leseni, na hakuna aliyekukalisha chini akakwambia hivyo. Hilo linaniudhi sana, maana watu wanauza walichonacho na kuondoka wakiiamini karatasi hiyo.

Wala si Kanada peke yake. Takwimu za OECD, shirika la ushirikiano wa kiuchumi la nchi zilizoendelea, kwa nchi za Umoja wa Ulaya zinaonyesha kuwa kati ya wahamiaji wenye elimu ya juu walio kazini, karibu mmoja kati ya watatu anafanya kazi iliyo chini ya elimu yake. Kwa wazawa ni karibu mmoja kati ya watano. Ujerumani ilipoona hasara hiyo ilitunga sheria, iliyoanza kutumika Aprili 2012, inayompa mtu aliyesomea nje haki ya sifa zake kupimwa rasmi. Kwa hiyo ukiwa ghalani usiku usijihesabu kama mtu aliyefeli peke yake. Umekwama mahali ambapo wengi wamekwama, na sababu zake zinajulikana.

Moja ya sababu hizo ni jina, na rafiki yako hakuota. Mwaka 2011 mwanauchumi wa Chuo Kikuu cha Toronto, Philip Oreopoulos, alichapisha utafiti uliofanyika hapo hapo mjini kwenu. Alituma maelfu ya wasifu wa kubuni kwa nafasi zilizotangazwa mtandaoni, akibadilisha jina, mahali pa kusoma na mahali pa kazi. Wenye majina ya Kiingereza waliitwa zaidi ya wenye majina ya Kihindi, Kipakistani au Kichina. Waliofanya kazi nje waliitwa mara chache hata kuliko hao. Na kuna sehemu ambayo nataka uisome polepole: kuandika kwamba unaimudu lugha vizuri, kwamba ulifanya kazi kampuni ya kimataifa, kwamba ulisoma chuo chenye sifa kubwa, havikupunguza pengo hilo. Waajiri walijitetea kwamba wanahofia lugha, lakini hata aliyeonyesha kwamba lugha anaijua hakupata nafuu.

Mimi ninachojifunza hapo ni kwamba mtu asiyekujua humtoi hofu kwa kumwongezea karatasi. Maombi yako 212 yanasema hivyo hivyo. Jina liache. Liko kwenye shahada yako na kwenye barua zako za kazi, na litakuwa kwenye leseni yako; siku mtu akilinganisha akakuta majina mawili, utaulizwa maswali usiyostahili kuulizwa. Kama una kifupi ambacho watu wamekuzoea nacho, kitumie. Zaidi ya hapo, hapana.

Barua yako, bila chochote cha kukutambulisha, niliipeleka kwa mhandisi mmoja ninayemheshimu sana, ambaye naye alikaa ghalani kabla ya kupata leseni ya Ontario. Aliniambia hayo maneno "uzoefu wa Kanada" ni furushi lenye vitu viwili, na asiyevitenganisha huumia bure. Kimoja ni woga wa mwajiri kwa mtu ambaye hana wa kumuulizia. Cha pili ni maarifa ya kweli. Nikamwomba mfano, anieleze mimi nisiyejua kitu.

Akanieleza zege. Zege lina vinyweleo, akasema, na maji huingia humo. Kwenye nchi isiyo na barafu maji hayo yanaingia na kutoka. Kanada yanagandia humo humo, na maji yakiganda hutanuka kwa karibu asilimia 9, yakalipasua zege kutoka ndani. Barafu inayeyuka, inaganda tena, mara nyingi ndani ya msimu mmoja. Barabarani nako humwagwa chumvi ya kuyeyusha barafu, nayo inapenya mpaka kwenye nondo, nondo zinaota kutu. Dawa yake ni kutia viputo vidogo vidogo vya hewa ndani ya zege kwa makusudi, ili barafu ipate pa kutanukia. Ndiyo maana lori la zege likifika saiti, fundi hupima hewa iliyomo kabla zege halijamwagwa, na ikiwa pungufu lori linaweza kurudishwa. "Nilikuwa nimejenga miaka tisa," aliniambia, "na sijawahi kurudisha lori kwa sababu ya hewa."

Hicho ndicho kitu cha kweli ndani ya furushi, na mwajiri ana haki ya kukiulizia. Lakini ni kitu cha kukalia kitako na kukisoma, mtu mwenye miaka 11 kazini anakipata kwa miezi michache. Kanuni ya kusanifu madaraja ya huko inaitwa CSA S6. Za zege na vipimo vyake ni CSA A23.1 na A23.2. Masharti ya kazi za barabara za Ontario yanaitwa OPSS, na yako mtandaoni bila malipo. Anza na hayo, ukiweka pembeni kumbukumbu za daraja lako mwenyewe, na kila kipengele ujiulize: sisi tulifanyaje, wao wanafanyaje, na kwa nini. Siku nyingine ukiulizwa Kanada umefanya wapi, sema ukweli: ghalani, nilikuwa na familia ya kulisha. Halafu endelea hapo hapo kabla faili halijafungwa, umweleze mambo matatu ambayo daraja lako lingejengwa tofauti kama lingekuwa Ontario. Bwana yule mpole alikuuliza maswali ya maana. Mtu wa aina hiyo angekusikiliza.

Sasa leseni. Barua yako ndefu haikutaja Professional Engineers Ontario, PEO, hata mara moja, na hapo ndipo nilipokunja uso. Hao ndio wanaotoa leseni ya uhandisi katika jimbo lako. Kwa miaka mingi walidai angalau mwaka mmoja wa kazi ndani ya Kanada, sharti lililowazungusha watu kwenye duara: huna leseni kwa kuwa huna kazi, huna kazi kwa kuwa huna leseni. Mei 2023 sharti hilo walilifuta. Wakati huo labda ulikuwa bado kwenu, labda umeshapakia mizigo, sijui, lakini leo mlango huo uko wazi na wewe hujaugonga.

Wanachotaka ni elimu waliyoipima wao wenyewe, miezi 48 ya kazi ya uhandisi, na mtihani wa sheria na maadili ya taaluma unaoitwa NPPE. Miezi yako ni mara mbili na zaidi ya hiyo. Ila haitoshi kuleta barua ya mwajiri inayosema ulikuwa mtu mzuri. Unajaza maelezo ya umahiri 34, uliopangwa katika makundi saba, na kila mmoja unautolea tukio: ulikuta hali gani, ulifanya nini wewe mwenyewe, ikawaje. Kisha mtu anayeijua kazi hiyo anathibitisha. Wakubwa wako wa zamani ndio wanaofaa kwa hilo. Watafute wiki hii, mdogo wangu. Watu hustaafu, hubadili namba, wengine hututoka. Kwa kuwa ulisomea nje, unaweza kutakiwa ufanye mitihani ya kiufundi pia. Hilo likitokea lichukulie kama ratiba ya kusoma, wala lisikuvunje moyo.

Mpaka leseni itoke, kwenye wasifu usijiite mhandisi, kwa sababu Ontario jina hilo linalindwa na sheria. Andika kwamba umehitimu shahada ya uhandisi ujenzi. Kufanya kazi ya uhandisi chini ya mwenye leseni anayebeba jukumu, ruksa. Na ujue pia kwamba tangu Januari 1, 2026, mwajiri wa Ontario mwenye wafanyakazi 25 au zaidi haruhusiwi kuandika kwenye tangazo la kazi kwamba anataka uzoefu wa Kanada. Moyo wa mtu sheria haiufikii, lakini angalau mlangoni bango limeondolewa.

Yule mhandisi niliyempelekea barua yako aliingia kupitia kupima zege. Kampuni zinazopima vifaa vya ujenzi huchukua mafundi wa kwenda saiti, hasa majira ya baridi yanapoisha na ujenzi kuanza kushika kasi. Kuna cheti cha fundi wa kupima zege saitini, cha ACI, taasisi ya Marekani ya mambo ya zege, ngazi ya kwanza. Mafunzo yake ni mafupi, kuna mtihani wa kuandika na wa vitendo. Ongeza na ile kozi ya usalama wa kufanya kazi sehemu za juu, ambayo Ontario ni lazima kwa kazi nyingi za ujenzi. Mshahara wa kuanzia hautakutajirisha. Utasimama kwenye upepo na toroli na koleo, utajaza vyombo vya sampuli, utaviandika namba. Lakini anayepita kukagua pale ni mhandisi, atakuona unavyopima, atakusikia unavyouliza, na baada ya miezi sita kuna mtu Ontario ambaye akipigiwa simu kuhusu wewe anajibu kwa jina lako. Furushi lote limefunguka. Kazi nyingine za mlango huo ni ukadiriaji wa gharama za ujenzi na uchoraji wa ramani kwa kompyuta.

Mwaka 1973 mwanasosholojia Mark Granovetter alionyesha kwamba watu wengi waliopata kazi kupitia mtu, waliipata kupitia mtu wanayeonana naye mara moja moja, si rafiki wa karibu. Ukifikiri, ndivyo inavyokuwa: rafiki zako wa karibu wako ghalani pamoja na wewe, wanajua nafasi zile zile unazozijua. Toronto kuna baraza linaloitwa TRIEC linalomkutanisha mgeni na mtu wa taaluma yake awe mlezi wake wa kikazi. PEO nao wana matawi yanayofanya mikutano. Nenda, hata kama siku ya kwanza utakaa kiti cha nyuma usiseme na mtu.

Haya, cheo. Hapa mkeo anaweza kunikasirikia, lakini nitasema ninavyoona, na nitakwambia kwa nini.

Mimi nilikuwa mhasibu. Nilipohamia Uingereza nilifanya usafi wa ofisi usiku, na nilizokuwa nafuta ni meza za wahasibu. Mwaka wa pili nikaombwa niwe msimamizi wa wasafishaji. Nilikubali kwa furaha, nikanunua viatu vipya. Nilikaa miaka minne. Hakuna aliyenilazimisha kukaa. Kila mwezi kulikuwa na mtu mgonjwa wa kuzibiwa zamu, funguo za kwenda kuchukua, simu ya saa nane usiku. Vitabu vyangu vya mitihani ya uhasibu vilikuwa chini ya kitanda na sikuvifungua hata kimoja, kwa sababu akili iliyokuwa inanibakia niliimaliza kwenye ratiba za mifagio. Mshahara haukunifunga, ila cheo kilinipa heshima kidogo, ya kunitosha nisiumie sana, na bila yale maumivu sikuinuka.

Piga hesabu yako. Dola 2.25 mara saa 40 ni dola 90 kwa wiki kabla ya kodi. Kwa dola hizo unauza mchana wako na siku zako za mapumziko. Simu tano zimekuja kwa maombi 212. Nani anajua ni ngapi ziliita saa nne asubuhi wewe ukiwa usingizini? Ofisi za wahandisi zinafanya kazi wakati umelala. Maelezo ya umahiri 34 hayaandikwi na mtu aliyeamka saa tisa akiwa na simu ya ghala mkononi.

Tena usidhani muda utakubeba wenyewe. Mwaka 1978 mwanauchumi Barry Chiswick aliangalia takwimu za Marekani akaona wahamiaji wanaanza na kipato cha chini na kuwafikia wazawa baada ya miaka 13 hivi, na watu wengi walifarijika. Mwaka 1985 mwanauchumi mwingine, George Borjas, akaonyesha kwamba picha ile ilichanganya waliotangulia na waliochelewa, na waliokuja baadaye hawakuwa wakipanda kwa kasi ile. Nakueleza haya kwa sababu nilikuwa najiambia "nitazoea tu, mambo yatakaa sawa". Hayakai.

Kwa hiyo rudi kwa meneja kabla siku kumi hazijaisha. Mshukuru, kwa sababu alikuona, na hilo si dogo. Muulize kama kampuni inaweza kukuajiri moja kwa moja kwa zamu ya jioni au ya wikendi, bila uongozi. Akikubali, chukua hata leo. Akikataa, kataa cheo. Kitu kimoja kingenifanya nilegeze: kama ajira ya kampuni ina bima ya familia ambayo kazi ya mkeo haina, na watoto wanaihitaji. Hapo kubali, lakini uandike kwenye daftari lako lile lile tarehe ya kuondoka, na mkeo aione.

Shahada ya uzamili si jambo baya, ila isiwe ya kwanza. PEO wakishapima elimu yako watakwambia kama kuna pengo na liko wapi. Ukikopa kabla ya kujua, unaweza kulipia miaka miwili kuziba mahali ambapo hapakuwa na tundu. Na yule bwana wa dola 1,500 usimpe hata senti. Ontario wakala wa kazi za muda haruhusiwi kumtoza mfanyakazi ili ampatie kazi, na mtu anayeuza uhakika wa kazi isiyo yake anauza asichonacho.

Kurudi nyumbani hakuna aibu, na ukiniandikia mwakani kwamba mmerudi nitawaombea safari njema. Naomba tu usiamue asubuhi ukitoka zamu.

Mama yako mwambie. Usimwambie kwa ujumbe wa maandishi. Mpigie siku umelala vya kutosha. Anza na ukweli wa picha, kwamba daraja lile si lako, ulilipita tu, na kwamba ulimtumia kwa sababu ulitaka afurahi. Kisha mweleze unachokifanya sasa hivi kurudi kwenye kazi yako. Atanyamaza kidogo. Mwache anyamaze. Aliyekulea anajua kazi ya mikono, na sidhani kama maboksi yatamwondolea mtoto. Kitakachomuumiza ni siku atakapoambiwa na mtu mwingine.

Nimebakiza jambo moja, na hukuniuliza. Kwenye barua yako yote mkeo umempa nafasi ndogo sana: alikuwa mwalimu wa kemia, sasa anahudumia wazee. Umeandika maombi 212 na daftari lake. Yeye ametuma mangapi? Nyumba nyingi za wahamiaji nilizoziona huenda hivyo. Mmoja anabeba kodi ili mwingine atafute, na mara nyingi anayebeba ni mwanamke, na miaka ikipita taaluma yake inazikwa bila hata kutajwa. Ualimu Ontario nao una chombo chake cha leseni, Ontario College of Teachers, na wanapokea maombi ya waliosomea nje. Labda anaposema ukubali cheo anataka tu kupumua. Labda anataka zamu yake ya kutafuta. Mimi siwezi kujua, na nahofia wewe pia hujui. Muulize Jumapili hii, watoto wakiwa wamelala, na uwe na daftari wazi mbele yenu.

Vyombo hivi vya taaluma kwa kawaida hutaka nakala za matokeo zitumwe na chuo chenyewe. Umesema mlikutana chuoni. Basi ukimwandikia msajili, omba za watu wawili.